Maswali ya tao: maduka, maandamano na majina ya barabara

Wiki hii maswali karibu yote yametoka tao, kati ya Moi Avenue na River Road, mahali ambapo Nairobi huuza kila kitu na kuandamana kwa kila kitu. Mengine mmeyauliza mpaka nimeyajua kwa moyo.

Je, Tom Mboya alipigwa risasi Tom Mboya Street?

Hapana. Nimejibu hili mara ngapi? Waziri huyo aliuawa Jumamosi, tarehe 5 Julai 1969, akitoka kwenye duka la dawa la Chhani, Government Road, ambayo siku hizi ni Moi Avenue. Tom Mboya Street hapo awali ilikuwa Victoria Street. Sanamu yake, iliyowekwa 2011, iko hapo Moi Avenue, na kutwa kucha watu wanaelekezana kwa simu: "Niko hapa kwa sanamu, wewe uko wapi?" Ukimuuliza ni sanamu ya nani, anakutazama kama unataka kumwibia.

Mjomba wangu ana duka Luthuli Avenue. Anasema mambo ya kupora maduka yameletwa na hawa vijana wa 2024. Ni kweli?

Mpe mjomba shikamoo zangu, kisha umketishe.

Mwaka 1902, mji ukiwa na miaka mitatu tu, tauni ilizuka kwenye Bazaa ya Wahindi. Daktari wa serikali akaamuru ichomwe. Ikachomwa, maduka na vilivyomo. Kwa hiyo tukianza kuhesabu nani alitia moto maduka ya watu tao, tuanze na serikali.

Tarehe 1 Agosti 1982 ilikuwa Jumapili. Wanajeshi wa anga walijaribu kupindua serikali, redio ikatangaza, na kabla ya saa sita milango ya maduka ilikuwa imevunjwa, hasa ya Waasia. Watu walibeba redio, viatu vya mguu mmoja, vitambaa vikiburuta lami. Wapo wenye maduka waliofunga virago wakaondoka nchini. Siku hiyo hakuna aliyekuwa ameitisha maandamano yoyote, na hao vijana mjomba anaowalaumu hawakuwa wamezaliwa.

Sasa tuje kwa hao vijana. Juni 2024 walishuka tao kuupinga Mswada wa Fedha, ule wa kuongeza kodi, chupa ya maji mkono mmoja, simu ya kurekodi mkono wa pili. Televisheni ya inchi 55 wangeibeba na nini? Sisemi wote walikuwa malaika. Wapo walioimba Jumanne asubuhi na kuvunja duka jioni. Lakini Juni 17, 2025 kila mwenye simu aliona wanaume wenye rungu na mijeledi wakiingia tao kwa pikipiki, wakiwachapa waandamanaji na wapita njia, polisi wakiwa papo hapo. Siku hiyohiyo mchuuzi wa barakoa alipigwa risasi ya kichwa kwa karibu, bidhaa zake zingali mkononi, akafariki baadaye mwezi huo. Huyo naye alikuwa mfanyabiashara wa tao. Mbona mjomba hamtaji anapolilia biashara?

Mwaka huohuo, Juni 25, maduka yaliporwa kweli, tena vibaya, na sitaki kusikia mtu akisema ni "hasara ndogo ya ukombozi." Kuna kina mama wa eksibisheni, vile vibanda vya ndani ya majengo, walioamka na mkopo wa chama wakalala na mkopo wa chama bila stoki. Lakini mporaji ashtakiwe kama mporaji. Mkimwita mwandamanaji mnamfanyia kazi aliyemlipa.

Nina bima ya moto na wizi. Nikivunjiwa wakati wa maandamano nitalipwa?

Kwa kawaida, hapana. Fungua ile karatasi uliyotia sahihi bila kusoma, utafute ukurasa wa mambo yasiyolipwa. Utakuta fujo, migomo na ghasia za kisiasa zimejipanga hapo. Kinga ya ghasia za kisiasa na ugaidi huuzwa kando, na ina malipo yake. Uliza kabla, upate jibu kwa maandishi.

Na daftari la stoki usiliweke chini ya kaunta. Namfahamu mama aliyepoteza nguo zote pamoja na daftari lililoonyesha alikuwa na nguo ngapi. Piga picha kila Ijumaa, utume kwa mtu wa nyumbani.

Lazima polisi watoe kibali cha maandamano?

Hapana. Kifungu cha 37 cha Katiba kinakupa haki ya kuandamana kwa amani bila silaha, na sheria inataka uwape polisi ilani, si chini ya siku 3 wala zaidi ya siku 14 kabla. Ilani si ombi. Anayekwambia "hamkuruhusiwa" muulize kifungu.

Muindi Mbingu alikuwa nani? Mimi huenda mtaa huo kununua nyama City Market tu.

Umeuliza swali zuri kuliko unavyojua. Mwaka 1938 serikali ya kikoloni ilikuwa ikiwapunguzia Wakamba ng'ombe kwa nguvu, na kiwanda cha nyama kilikuwa tayari kimefunguliwa Athi River. Muindi Mbingu aliongoza maelfu, wanaume, wanawake na watoto, wakaja Nairobi kwa miguu kumtaka gavana. Walipiga kambi, wakakataa kuondoka kwa wiki kadhaa. Serikali ililegeza kamba kuhusu ng'ombe, yeye ikamhamishia Lamu. Mtaa wake leo ndio unaokuuzia steki. Ukifika kwa mchinjaji, msalimie kwa jina la mtaa.

Kwa nini wasiandamane uwanjani, watuachie barabara za biashara?

Walijaribu. Julai 7, 1990 mkutano wa kudai vyama vingi ulipangwa uwanjani, Kamukunji. Wanasiasa Kenneth Matiba na Charles Rubia walioutangaza waliwekwa ndani siku tatu kabla. Watu walienda hata hivyo, wakatawanywa kwa marungu na risasi, na vurugu zikasambaa kwa siku kadhaa hadi mitaa ya mbali. Zaidi ya watu 20 walikufa. Desemba 1991 kifungu cha 2A cha Katiba ya zamani, kilichoruhusu chama kimoja tu, kikafutwa, vyama vingi vikarudi. Leo ukitaja Kamukunji watu wanafikiria sufuria na majiko, ile kelele ya nyundo kwenye bati kutoka alfajiri.

Na mwaka 1922, Harry Thuku alipokamatwa kwa kupinga kodi na kipande, kile kitambulisho walicholazimishwa Waafrika, watu walienda kituo cha polisi alikofungiwa, si uwanjani. Muindi alimfuata gavana. Wa 2024 waliifuata Bunge. Watu huenda aliko mwenye jibu, na Nairobi imeyajenga maduka yake katikati ya njia hiyo.

Maandamano yajayo ni lini? Nataka kuleta mzigo.

Mimi si mganga. Ukisikia jirani anashusha mlango wa chuma saa nne asubuhi, usimuulize kwa nini. Shusha wako.