Mmea umedumaa, nibadilishe chungu? Utoe kwanza uione mizizi

Mkuu, umeuliza kama huo mmea wako wa ndani, ambao haujatoa jani jipya miezi miwili sasa, uhamishiwe chungu kikubwa. Mwenzetu amekujibu kwamba kila mwaka lazima chungu kibadilishwe. Sikubaliani naye, maana sheria hiyo ndiyo iliyoniulia mshubiri.

Ulikuwa kwenye chungu cha sentimita 12. Mwaka ulipotimia nikauhamishia kwenye cha sentimita 30, nikajiona nimeufanyia hisani. Wiki ya tatu majani ya chini yakaanza kubonyea. Nikaushika shinani, ukanifuata mkononi bila mzizi hata mmoja, na uvundo juu yake. Udongo ulikuwa mwingi na mizizi michache, kwa hiyo maji yalikosa mnywaji. Udongo ukikaa umelowa siku nyingi, hewa inaisha humo ndani, na mizizi nayo inahitaji kupumua.

Kwa hiyo usihesabu miezi, angalia mizizi. Mwagilia leo, kesho pitisha shina katikati ya vidole, pindua chungu na ugonge ukingo wake. Donge litatoka zima. Ukiona udongo mwingi na mizizi imetawanyika hapa na pale, rudisha ulivyokuwa; huo umedumaa kwa sababu nyingine, na mara nyingi ni mwanga hafifu. Ukikuta mizizi imejizungusha kama ngata na udongo hauonekani, hapo kweli nafasi imekwisha. Ichambue kwa vidole, na ile migumu iliyozunguka ikate, la sivyo itaendelea kuzunguka hata kwenye chungu kipya.

Kuna dalili moja inayodanganya: maji kupita moja kwa moja hadi kwenye sahani. Yanaweza kupita kwa sababu mizizi imejaa, lakini pia kwa sababu udongo ulikauka mno ukajitenga na kuta za chungu. Kizamishe kwenye beseni la maji nusu saa, kisha kiache kichuruzike. Udongo ukibaki na unyevu siku kadhaa, shida ilikuwa ukavu tu.

Halafu kubadilisha udongo si lazima kuongeza ukubwa wa chungu. Mboji huoza ikawa unga, vitundu vya hewa vikaziba, na chumvi za mbolea zikaacha ukoko mweupe juu. Mimi mlimau wangu uko kwenye chungu kilekile tangu ulipofikia kimo ninachotaka: kila baada ya miaka 2 au 3 naupunguza mizizi ya pembeni, natia udongo mpya, naurudisha.

Ukiongeza ukubwa, zidisha upana kwa sentimita 3 hivi, au sentimita 5 kama chungu ni kikubwa. Na tafadhali, wanaoweka kokoto chini ili maji yashuke: hayashuki. Maji hayaachii udongo laini kirahisi kuingia kwenye kokoto, hivyo tabaka lililolowa linapanda juu kuifuata mizizi. Tundu la chini na kipande cha wavu vinatosha.

Wakati mzuri ni mmea unapoanza kuchipua, si ukiwa na maua. Ukiupanda usiutie mbolea kwa mwezi mzima, na uweke mbali na jua kali. Majani yakilegea siku mbili tatu usikimbilie kumwagilia. Mimea minene kama mshubiri mimi huiacha wiki nzima bila maji, vidonda vya mizizi vikauke.

Lakini ukitoa donge ukakuta mizizi ya kahawia inayoteleza, ambayo ukiivuta ganda linatoka na kubaki uzi, usingoje msimu wowote. Kata siku hiyohiyo hadi ufikie mizizi mizima, tupa udongo wote, na chungu kiwe kidogo kuliko kile cha mwanzo.