Kuigiza na kushika kamera kwenye komedi za Uingereza: fanya vyote, ila si siku moja

Vijana wa kwetu walioko London na Manchester huniuliza swali lile lile: nishike kuigiza au nishike kamera? Mimi nafanya vyote, na si kwa tamaa. Msimu mmoja wa komedi huku kwa kawaida una vipindi sita tu. Fawlty Towers, inayosifiwa mpaka leo, ina vipindi 12 basi: sita vya 1975, sita vya 1979. The Office ya BBC ilianza 2001, ikafunga 2003 na vipindi 14. Kazi ikipatikana inakwisha upesi, unarudi kungojea simu. Ujuzi wa pili ndio unaolipa kodi ya nyumba.

Ushauri wangu, anzia kamera. Ukiwa mwanafunzi wa kazi kwenye kitengo cha kamera utachaji betri, utabeba masanduku ya lenzi na kupeleka chai (na Waingereza hawana mzaha na chai). Juu yako yupo mtu wa klapa (kile kibao kinachogongwa mwanzo wa kila picha), kisha mtu wa fokasi, anayehakikisha sura haififii, ndipo mpiga kamera mwenyewe. Nafasi za wanaoanza zitafute kupitia ScreenSkills, shirika la mafunzo ya kazi za filamu na televisheni. Chama cha wafanyakazi wa nyuma ya kamera ni Bectu, cha waigizaji ni Equity.

Kamera itakuonyesha kicheko kinatoka wapi. Mara nyingi kinatoka kwa anayeusikia mzaha. Tim wa The Office, komedi iliyopigwa kama filamu ya maisha halisi, aliyeigizwa na Martin Freeman, anageuza macho tu kuitazama kamera na watu hawana mbavu. Mpiga kamera akimfikia amechelewa hata kidogo, mzaha umekufa. Peep Show ya Channel 4, iliyoanza 2003, ilikwenda mbali zaidi: tunaona mambo kwa macho ya wahusika, kwa hiyo mwigizaji anaongea na lenzi badala ya mwenzake. Jaribu hilo nyumbani kwa simu yako, utaniambia.

Komedi ya studio yenye watazamaji ni dunia nyingine. Kila mpiga kamera ana kadi zenye namba za picha zake, zimebanwa pale pale kwenye kamera, na masikioni anasikia namba zikitajwa kutoka chumba cha kuongozea. Mwigizaji hasikii hata moja. Ukumbi ukiangua kicheko, yeye anasubiri huku taa nyekundu inawaka, na asionekane anasubiri. Hiyo ni kazi. Matukio yaliyopigwa nje huonyeshwa watazamaji wale wale kwenye skrini ili vicheko vyao virekodiwe, kwa hiyo si kila kicheko mnachokiita cha kubandika ni cha kubandika.

Sasa lile ninalolisisitiza: siku hiyo uwe kile ulichoitiwa. Umeitwa kamera? Usimfundishe mwigizaji namna ya kusema mstari wake, hata kama unaona anauua. Umeitwa kuigiza, walau kukaa nyuma na kikombe? Usiulize lenzi, usiguse stendi. Kanyaga alama ya mkanda iliyobandikwa sakafuni, na kikombe ukishike mkono ule ule kila wanaporudia. Mtu wa fokasi ameshapima umbali wako. Ukisogea hatua moja sura inafifia, mnaanza upya, na watu thelathini wanajua ni nani.

Kucheka nako kuna adabu yake. Ukiwa umebeba kamera begani, kicheko chako kinaonekana kwenye picha kwa sababu fremu inatikisika. Mimi huuma shavu kwa ndani. Wenzangu wengine hukodolea ukingo wa fremu wasiione sura ya mwigizaji, nao wanavuka salama.

Pesa kwa ufupi: wengi wa kitengo cha kamera tunajiajiri, kwa hiyo jisajili HMRC, mamlaka ya kodi ya Uingereza, tenga fungu la kodi kila unapolipwa, na usisahau tarehe 31 Januari ya kupeleka hesabu zako.

CV ziwe mbili. Anayetafuta mtu wa fokasi hana haja ya kujua kwamba mwaka jana uliigiza Polisi wa Pili.