Saa tatu asubuhi, kwa saa tatu: ushauri kwa anayetaka kuyaona mahekalu ya Nara

Mimi ni mtoto wa Mji Mkongwe, Zanzibar. Kabla sijajua kusoma nilishajua namna ya kumpita papasi, yule dalali wa mtaani anayewaandama watalii, bila kumtazama usoni. Kwa hiyo nilipopata mafunzo ya kazi ya wiki sita Osaka, Japani, nilijiapiza kwamba sitamtafuta mtu wa kunitembeza. Mtu aliyezaliwa katikati ya kivutio cha utalii atembezwe na nani? Nina simu yenye ramani, nina miguu, basi.

Jumapili ya kwanza nikapanda treni kwenda Kyoto peke yangu. Siku ile niliingia mahekalu saba. Saba! Jioni njiani kurudi nikafungua picha, na wallahi sikuweza kusema ipi ni ya wapi. Paa lililojikunja pembeni, ngazi, taa ya jiwe, mimi nimetabasamu. Paa lililojikunja pembeni, ngazi, taa ya jiwe, mimi nimechoka. Karibu kila mlango nililipa kiingilio, na nilichorudi nacho ni malengelenge kisiginoni.

Baada ya wiki mbili mwenzangu mmoja wa mafunzo, kijana wa Morogoro, akaniambia Japani kuna vikundi vya watembezaji wa kujitolea. Wengi ni wastaafu, au wanafunzi wa chuo wanaotaka kuongea Kiingereza. Huwalipi ujira, unagharimia nauli yao, kiingilio chao, na chakula kama mtakula pamoja. Unaomba mapema kwa barua pepe. Tukaomba, tukapangiwa Nara, Jumamosi saa tatu asubuhi, ziara ya saa tatu. Yaani tunaanza saa tatu, tunakwenda saa tatu, tunamaliza saa sita mchana. Mama yangu nilipomweleza kwa simu ilibidi nirudie mara mbili.

Nara nakuchagulia kwa sababu moja kubwa: vitu viko karibu. Ulikuwa mji mkuu wa Japani kuanzia mwaka 710 hadi 784, na kadhaa ya mahekalu yake makubwa leo yamo ndani ya bustani moja au pembeni mwake. Kyoto ina utajiri zaidi, sibishani, lakini umetawanyika, na ziara fupi ya huko huishia ndani ya basi. Kutoka Osaka-Namba treni ya Kintetsu inachukua kama dakika arubaini. Shukia kituo cha Kintetsu, kwa sababu kile cha JR, kampuni nyingine ya reli, kiko mbali zaidi na bustani, na miguu yako utaihitaji baadaye.

Mtembezaji wetu alikuwa bibi wa miaka sabini hivi, kofia ya jua, mwavuli mkononi, mwendo wa mtu anayewahi boti ya Pemba. Kabla hatujapiga hatua akatuuliza: mnataka kujua nini? Mwenzangu akasema kulungu. Mimi nikasema ukweli wangu: nimeona mahekalu saba na yote naona ni moja. Akacheka mpaka akashika mwavuli kwa mikono miwili.

Hapo hapo barabarani akatupa somo la dakika tano ambalo lingeniokolea Jumapili nzima. Tazama mlango. Ukiona nguzo mbili na mihimili miwili juu, haina ukuta wala kitasa, hiyo ni torii, na unaingia jinja, mahali pa miungu ya Kishinto. Ukiona lango zito lenye paa, kisha ukanusa ubani na kukuta masanamu, umo katika hekalu la Kibuddha. Sikiliza na jina: likiishia na -ji au -dera ni la Kibuddha, ukisikia jinja, jingu au taisha ni la Kishinto. Kwenye jinja watu huinama mara mbili, hupiga makofi mara mbili, huinama tena mara moja. Kwa Buddha hawapigi makofi, hukutanisha viganja kimya. Halafu, alipoona tumeshika, akaivuruga kidogo: kwa zaidi ya miaka elfu dini hizi mbili ziliishi zimechanganyika, na serikali mpya ya Mfalme Meiji ndiyo iliyoamuru zitenganishwe mwaka 1868. Hekalu la Kofuku-ji tulilokuwa tunalipita na jinja ya Kasuga tuliyokuwa tunaiendea vyote vilikuwa chini ya ukoo mmoja wenye nguvu, Fujiwara. Ni kama nyumba mbili za baba mmoja.

Kofuku-ji hatukukaa. Sikuona hasara, na hili ni la kwanza katika ninayotaka ukumbuke: ziara fupi iwe na mahali pachache. Ukiletewa ratiba ya saa tatu yenye vituo zaidi ya vinne, kimbia. Mwenzetu mwingine alilipia ziara ya basi, yenye mwongozaji mwenye kibendera, akapata dakika ishirini kila hekalu na nusu saa nzima duka la zawadi. Hakuwa na hata swali moja aliloweza kuuliza, kwa sababu wa nyuma hamsikii wa mbele. Tangu mwaka 2018 sheria ya Japani haimlazimishi mtu kuwa na leseni ndipo atembeze wageni kwa malipo. Wako wazuri sana miongoni mwao na wako wa hivi hivi. Kabla ya kulipa uliza tutakuwa watu wangapi, tutasimama wapi, na kiingilio kimo au hakimo.

Saa yetu ya kwanza karibu yote iliishia Todai-ji, tena kwenye lango la nje, Nandaimon. Peke yangu ningepiga picha nikapita. Ndani ya lango lile mna walinzi wawili wa mbao, kila mmoja ana urefu unaozidi mita nane, waliochongwa mwaka 1203 na Unkei, Kaikei na mafundi wao kwa muda wa siku kama sabini tu. Bibi akatusimamisha katikati, akasema: tazameni midomo. Mmoja amefungua, mwingine amefunga. Wa kwanza anasema “a”, wa pili anasema “un”, sauti ya mwanzo na sauti ya mwisho, na kila kitu kilichomo duniani kiko katikati yake. Akatutaka na sisi tuseme. Watu wazima wawili, tumeachama midomo chini ya lango. Tangu siku ile, kila nilipoona jozi ya simba wa mawe mlangoni mwa jinja, macho yanakwenda mdomoni kwanza, na mara nyingi ni yale yale, a na un. Amenipa herufi mbili, nikaanza kusoma mwenyewe.

Buddha wa Todai-ji ni wa shaba nyeusi, urefu wake kama mita kumi na tano. Mfalme Shomu aliagiza atengenezwe mwaka 743, miaka michache baada ya ndui kuua watu wengi, na akazinduliwa mwaka 752. Ukumbi unaomfunika uliungua mwaka 1180, ukaungua tena 1567, na huu wa sasa ulikamilika 1709, tena kwa upana ni kama theluthi mbili tu ya ule wa awali. Na bado ukisimama ndani unajiona mdogo kama siafu. Nikamuuliza bibi, sasa hili ni jengo la kale au si la kale? Akaniambia subiri tufike Kasuga. Kule akanieleza kwamba jinja ile, iliyoanzishwa mwaka 768, kila miaka ishirini hufanyiwa ukarabati mkubwa kwa mpango maalumu, na kazi ya mwaka 2016 ilihesabiwa kuwa ya sitini. Miaka ishirini inatosha fundi mzee kumkabidhi kijana mkono wake. Nilinyamaza. Nilikuwa nakumbuka Beit al-Ajaib yetu, iliyojengwa 1883, na ile siku ya Krismasi ya 2020 upande mmoja ulipoporomoka.

Lakini kilichonifanya niandike makala hii ni harufu. Mbele ya ukumbi wa Buddha pana chungu kikubwa cha kufukizia, na moshi uliponipitia nikasimama. Nikamwambia bibi, harufu hii naijua, ni ya sebuleni kwetu siku ya harusi. Akasema ubani wa Kijapani mwingi hutiwa sandali na mti wanaouita jinko. Tukatafuta kwenye simu: jinko ni udi. Udi ule ule! Macho yakamng’aa. Akanyoosha mwavuli upande wa nyuma ya ukumbi, ilipo Shosoin, ghala la mbao la hazina za Mfalme Shomu, ambamo kwa karne nyingi vilihifadhiwa vyombo vya kioo vilivyotoka Uajemi, na gogo moja la udi lenye urefu wa karibu mita moja na nusu. Lina jina kama mtu: Ranjatai. Watawala wamelikata vipande kwa heshima. Oda Nobunaga, mbabe wa vita, alikata chake mwaka 1574. Halionyeshwi kila siku. Hazina za Shosoin hutolewa chache chache katika jumba la makumbusho la taifa la Nara, kila mwaka kati ya mwisho wa Oktoba na mwanzo wa Novemba, na umati wake si wa mchezo.

Kwa hiyo uliza. Usione haya kuuliza la kwenu. Hadithi ya Ranjatai haikuwa kwenye ratiba ya bibi yule. Niliichokoa kwa pua.

Najua wengi mtaniuliza la dini. Mimi ni Mwislamu. Kunawa kwenye birika la mlangoni, mkono wa kushoto, wa kulia, kisha mdomo, kulinikumbusha udhu, lakini si udhu, na hakuna aliyenilazimisha. Waliposali nilisimama pembeni kimya, mikono chini, na hakuna aliyenitazama vibaya. Vikaratasi vya kutabiria bahati, omikuji, sikuvigusa. Ramli ni ramli hata ichapwe kwenye karatasi nzuri. Mwenzangu ni Mkristo na yeye alipima lake. Muhimu ni kupita pembeni mwa njia na si katikati, na kutopiga picha palipoandikwa usipige.

Vaa viatu vya kuchopeka. Utavivua ukumbini mara nyingi kuliko unavyodhani, na soksi iliyotoboka itakuaibisha mbele ya watu wa heshima. Beba sarafu. Takataka zako rudi nazo, mapipa ni ya kutafuta kwa tochi. Bustani ile ina kulungu zaidi ya elfu moja, wanaohesabiwa kuwa wajumbe wa mungu wa Kasuga. Wengine wanakuinamia kichwa ili uwape biskuti zao maalumu, usipowapa wanakutafuta mfukoni. Mmoja alinila ramani ya karatasi, yote, na wino wake.

Saa tatu asubuhi, nakiri, tulichelewa. Ukumbi wa Buddha hufunguliwa saa moja na nusu kuanzia Aprili hadi Oktoba, na saa mbili miezi mingine, na ilipofika saa nne wanafunzi wa shule walishatumwagikia kama dagaa. Omba saa mbili. Na ziara ikiisha usirudi hapo hapo. Panda peke yako mpaka Nigatsu-do, kilimani nyuma ya ukumbi mkubwa, ukae kibarazani bure ukiutazama mji.

Kulipa bakshishi si desturi yao, na bibi angeona haya. Mimi nilimpelekea pakiti ya karafuu za kwetu. Aliifungua palepale, akaisogeza puani, akafumba macho. Akasema, “Choji.” Nayo imo kwenye ubani wao.