Uzito wa Ngali: Namna Nilivyojifunza Kubuni Nadharia ya Kisayansi kwa Ajili ya Hadithi

Hadithi yangu ya kwanza ya kisayansi ilikuwa na profesa, maabara yenye taa za buluu, na mtambo uliovuta "nishati ya kwantamu" kutoka katika mambo ambayo yangeweza kutokea lakini hayakutokea. Niliionea fahari kwa wiki mbili hivi, mpaka nilipompa rafiki yangu anayefundisha fizikia sekondari. Aliisoma yote, akanirudishia daftari na kuniuliza swali moja tu: "Hiyo nishati yako haiwezi kufanya nini?" Sikuwa na jibu, kwa sababu katika kurasa zile iliweza kila kitu: ilifufua wafu, iliwasha taa za mji mzima, na ilimrudisha mchumba aliyekwisha kuolewa kwingine.

Kosa langu lilikuwa kuazima maneno kabla ya kuwa na wazo. Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza kwa anayetaka kubuni nadharia ya namna hii ni kwamba aanzie katika lugha yake, maana huenda imekwisha kulifikiria jambo hilo kabla yake. Sisi tuna -nge- na -ngali-. Anayesema "ningekuwa na nauli ningekwenda" bado ameuacha mlango wazi, kwa kuwa nauli yaweza kupatikana jioni hii. Anayesema "ningalikuwa na nauli ningalikwenda" anazungumzia basi lililokwisha kuondoka. Najua kwamba wengi wetu siku hizi tunazichanganya, na hata mimi huteleza, lakini tofauti ile ndiyo iliyonipa nadharia yangu pamoja na jina lake. Niliamua kwamba katika ulimwengu wa hadithi yangu kila -ngali- ina uzito, uzito halisi wa kupimwa kwa gramu.

Nilijua wazo hilo lingemgusa msomaji kwa sababu sote tunaishi na vitu vya namna hiyo. Mwaka 1974, mjini Christchurch, mwanariadha wa Tanzania Filbert Bayi aliweka rekodi ya dunia ya mita 1500 kwa dakika 3 na sekunde 32.2, akimwacha John Walker wa New Zealand katika nafasi ya pili. Watu wakasubiri wakutane tena katika Olimpiki ya Montreal mwaka 1976, lakini Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi za Afrika zilizosusia michezo ile kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imezuru Afrika Kusini ya ubaguzi wa rangi. Walker alishinda dhahabu kwa dakika 3 na sekunde 39.17. Hakuna anayeweza kumpokonya ushindi wake, lakini ni vigumu kuutaja bila kuitaja pia mbio ambayo haikukimbiwa.

Baada ya hapo nilirudi kwenye fizikia, safari hii kwa kusoma badala ya kuchota istilahi. Nilichokipata kilinishangaza kuliko chochote nilichokuwa nimebuni. Mwaka 1993 wanafizikia wawili wa Israeli, Avshalom Elitzur na Lev Vaidman, walieleza namna ya kulijua bomu zima, yaani lisilo bovu, bila kuligusa. Fotoni moja, yaani chembe moja ya mwanga, hupelekwa kwenye kioo kinachopitisha nusu ya mwanga na kuakisi nusu, hivyo huwa na njia mbili, na njia hizo hukutanishwa tena kwenye kioo cha pili ambacho mbele yake kuna vigunduzi viwili. Vyote hupangwa kwa namna ambayo, njia zote mbili zikiwa wazi, kigunduzi kimoja hakipokei kitu kamwe. Sasa weka katika njia moja bomu linaloweza kulipuliwa na fotoni moja tu. Kama ni bovu, njia ni kama iko wazi na hakuna kinachobadilika. Kama ni zima, litalipuka mara moja katika kila mbili. Lakini mara moja katika kila nne kigunduzi kile kilichopaswa kunyamaza kitaipokea fotoni, na hapo utajua kwamba bomu ni zima ingawa halikulipuka. Mlipuko ambao ungalitokea umeacha alama. Mwaka 1995 kundi ambalo mwanafizikia Anton Zeilinger alikuwemo lilichapisha matokeo ya jaribio la aina hii lililofanywa kwa mwanga halisi, bila bomu, bila shaka.

Hilo halithibitishi nadharia yangu hata kidogo, na nakushauri usimdanganye msomaji kwamba linaithibitisha yako. Mimi nilichukua umbo lake tu, yaani alama ya lisilotokea huonekana kwa sharti kwamba lisitokee. Nikaifanya hiyo kuwa katazo la nadharia yangu: uzito wa ngali hupimika mradi kitu chenyewe hakijatumika, na siku kitakapotumika uzito huondoka.

Profesa nilimfuta. Mahali pake nikamweka sonara wa Tanga, mwenye mizani ya kupimia dhahabu, na dada yake aliyenunua doti ya kanga kwa ajili ya harusi iliyovunjika siku moja kabla ya kufungwa. Doti ina vipande viwili vinavyofanana, kwa hiyo mwenye kutaka kulinganisha amekwisha kurahisishiwa kazi: kipande kimoja alikivaa kwenda sokoni, cha pili alikikunja akakiweka sandukuni. Sonara akavipima. Cha sandukuni kilizidi kwa gramu tatu.

Rafiki yangu alikataa. Alisema kanga mpya huja na wanga wa kiwandani, ambao hutoka kadiri inavyofuliwa, na kwamba pamba hunyonya unyevu, hasa pwani. Ilinibidi nivifue vipande vyote viwili mara moja, maji yale yale, nivianike kamba moja, na nivipime adhuhuri ile ile. Marekebisho hayo yalinichukua kurasa mbili, nami nilikuwa nimeyachukia, lakini sasa ndiyo sehemu niipendayo zaidi: dada anayekung'uta kanga isiyovaliwa na kuianika kando ya mwenzake, huku kaka yake akimwangalia kutoka barazani bila kumweleza kwa nini amemwomba afanye hivyo.

Nilipompelekea tena, alisoma mpaka mwisho, naye hakuuliza chochote kuhusu gramu tatu. Alilalamika kwamba bei ya doti niliyoiandika ni ya miaka kumi iliyopita.