Kamera inatazama mlango wangu

*Shikamoo Shangazi. Nina miaka 26, nimetoka Lushoto, nimepanga chumba na sebule Sinza, Dar es Salaam. Mwenye nyumba amefunga kamera koridoni, inatazama mlango wangu. Juzi kaka yangu alikuja usiku kunisalimia, asubuhi picha yake ikawekwa kwenye kundi la WhatsApp la wapangaji: "Huyu ni nani, amelala kwa nani?" Hakuna aliyenitetea. Miaka miwili nipo hapa, hakuna anayelijua jina langu. Kupitia ukutani namsikia mtoto wa jirani akikohoa usiku kucha, ila sijawahi kuongea na mama yake. Siku hizi natoka nimejifunika mtandio hadi usoni. Nifanyeje?*

Marahaba, mwanangu. Kilichoniuma zaidi ni huo mtandio. Kodi ya miezi sita umelipa kwa mkupuo, halafu unatoka kwako kama mtu anayekimbia deni!

Lushoto nako watu waliona. Mgeni akishuka kwenye basi, habari zilifika nyumbani kabla yake. Ila aliyemwona alimsalimia, akamuuliza ni wa kwa nani, pengine akambebea na mzigo. Hapo koridoni unatazamwa na watu wasiokupa hata salamu. Upweke wako una sababu, usidhani unadeka.

Mfuate mwenye nyumba ana kwa ana, usibishane kundini. Wezi wapo, na kamera getini ina kazi yake. Mwombe aigeuze isitazame mlango wako, akueleze nani anaziona hizo picha na zinakaa muda gani, na ya kaka yako aifute. Kabla ya kwenda, hifadhi nakala ya ujumbe ule kwenye simu yako, ni ushahidi. Ibara ya 16 ya Katiba yetu inalinda maisha binafsi na maskani ya kila mtu. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 nayo inataka taarifa zitumike kwa lengo lililofanya zikusanywe. Kamera iliyofungwa kuzuia wizi haina ruhusa ya kuhoji wageni wako. Akikaidi, nenda kwa mwenyekiti wa mtaa. Ikishindikana hapo, peleka malalamiko Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi.

Halafu yule mtoto anayekohoa. Kesho ukitoka kazini mgongee mama yake, umuulize mtoto anaendeleaje. Mtajie jina lako, na la kaka yako pia.