Jibu kwa dada wa Tororo: usimtoe binti shule kwa ajili ya tenisi, mtafutie watu wa kucheza nao

Dada yangu, swali lako nimelisoma mara mbili. Kwa watakaopita hapa baadaye: dada ana binti wa miaka 13, anawafunga wasichana wote wa shule za huko kwao, na kocha wake amemwambia amtoe shule, auze kipande cha shamba, ampeleke akademia ya tenisi Ulaya kabla umri haujampita. Anauliza kama kweli msichana wa Uganda anaweza kuishi kwa tenisi.

Mimi nimezaliwa kambini Jinja, baba askari, Kiswahili ndicho tulichokulia nacho nyumbani. Raketi nilianza kuishika nikiwa na miaka 9. Baadaye tulihamia Kampala nikawa mtu wa Lugogo, kwenye viwanja vya tenisi, nikacheza mpaka nikajaribu mashindano ya kulipwa. Sasa nafundisha watoto.

Shamba usiuze. Sisemi hivyo kwa kuona ndoto ya mtoto ni kubwa mno, maana naamini wasichana wetu wanaweza. Nasema hivyo kwa sababu najua kilichonikwamisha mimi, na akademia ya Ulaya kwa miezi sita isingekitibu.

Tangu nikiwa na miaka 14 mpaka 19 nilicheza na wasichana walewale wanne. Mmoja ukimpelekea mpira wa juu upande wa bekihendi (pigo la upande wa pili wa mkono wake) anarudisha mfupi. Mwingine ukimvuta wavuni anababaika. Wa tatu akiongoza gemu mbili anaanza kuharakisha sevu (pigo la kuanzisha mchezo). Nilikuwa nashinda karibu kila tulipokutana, na watu wakasema nimeiva. Kumbe nilikuwa nimejifunza kuwafunga watu wanne tu, na tenisi yenyewe bado.

Mwaka 2018 baba alitoa karibu milioni 9 za Uganda kwenye kiinua mgongo chake, nikaenda Sharm El Sheikh, Misri, wiki tatu. Kule mashindano madogo ya wanawake hufanyika wiki baada ya wiki, na ndiyo maana wengi wanaoanza hukimbilia huko. Nilianzia mchujo, mechi za kugombea nafasi ya kuingia kwenye mashindano yenyewe. Kampala iko mita 1,200 hivi juu ya usawa wa bahari, hewa ni nyepesi, mpira unapaa. Sharm iko baharini kabisa. Sevu yangu ileile iliyokuwa inatua karibu na mstari Lugogo, kule iligonga wavu au ikadondoka fupi, na msichana wa miaka 17 wa upande wa pili akawa anaingia mbele na kuumaliza mpira. Nilifungwa 6–2, 6–1. Muda ulikuwa hata saa moja haujafika. Nyuzi za raketi zilinikatikia mbili wiki ile, na kuzifunga upya kulilipiwa kwa fedha za kigeni. Wiki ya pili nilishinda mechi moja ya mchujo, ya tatu nikatolewa siku ya kwanza tena. Kwenye mchujo wa daraja lile hakuna senti unayopewa. Nilimpigia baba nikamwambia matokeo, akaniuliza tu kama nimekula.

Hicho ndicho kidaraja cha kwanza cha kazi hii. Shindano la W15 maana yake zawadi yote kwa jumla ni dola 15,000, wanagawana wachezaji 32 wa droo kuu pamoja na wale wa dabo (wanaocheza wawili wawili). Ukitolewa raundi ya kwanza unaondoka na chini ya dola 200, na hoteli, chakula na ndege ni juu yako. Bingwa anapata pointi 15 za kupanga nafasi duniani. Kujiandikisha kunafungwa siku ya Alhamisi, siku 18 kabla ya Jumatatu ya wiki ya mashindano, kwa hiyo mara nyingi unajua kama umeingia wakati tiketi za bei nafuu zimeshaisha. Kuanzia hapo mpaka kuingia hata mchujo wa mashindano makubwa manne unatakiwa uwe kwenye wachezaji 230 hivi bora duniani. Mtu hafiki huko kwa msimu mmoja.

Na hili la "umri unakwenda" limenikera. Binti wa miaka 13 haruhusiwi hata kucheza mashindano ya kulipwa. Kanuni za WTA, chama cha tenisi ya kulipwa ya wanawake, zinamruhusu kuanzia miaka 14, tena kwa idadi ndogo ya mashindano kwa mwaka, na kikomo hicho kinapanuka kidogo kidogo mpaka afike 18. Kanuni hizo zilikazwa miaka ya 90 baada ya wasichana wadogo mno kuingizwa kwenye mashindano ya wakubwa na kuumia, mwili na akili. Sasa anawahishwa wapi?

Mtazame Ons Jabeur wa Tunisia. Akiwa na miaka 12 aliondoka kwao akaenda Tunis, lakini alikwenda shule ya sekondari ya michezo, masomo hakuacha. Mwaka 2011 akawa bingwa wa vijana wa Roland Garros, mashindano makubwa ya Ufaransa. Taji lake la kwanza la WTA alilipata Birmingham mwaka 2021. Hiyo ni miaka 10 nzima, na huyo ni mtu aliyekuja kushika nafasi ya 2 duniani na kucheza fainali mbili za Wimbledon.

Karibu zaidi na sisi kuna Angella Okutoyi wa Kenya. Amelelewa na bibi yake aliyekuwa akifanya usafi kwenye shule moja ya Nairobi, na viwanja vya shule hiyo ndivyo alivyoanzia. Mwaka 2022 alishinda Wimbledon ya vijana, wasichana wawili wawili, akiwa na mwenzake wa Uholanzi. Angeweza kuchukua njia ya akademia na W15 moja kwa moja. Akaenda Chuo Kikuu cha Auburn, Marekani. Mayar Sherif wa Misri naye alipitia chuo kikuu Marekani, na mwaka 2022 akashinda Parma, Mmisri wa kwanza kutwaa taji la WTA la mchezaji mmoja mmoja.

Hapo ndipo ningependa uelekeze macho. Kwa miaka mingi timu ya wanawake ya daraja la kwanza kwenye vyuo vya Marekani iliruhusiwa kutoa ufadhili kamili kwa wachezaji 8. Timu ya wavulana ilikuwa na ufadhili 4 na nusu tu wa kugawana. Kanuni zimebadilika kuanzia 2025, lakini msichana anayecheza vizuri bado anatafutwa. Anapata kocha, matibabu, masomo, na kikubwa kuliko vyote anapata wapinzani wa kila namna, mwaka mzima, bila baba yake kugusa kiinua mgongo. Ila chuo kitaomba matokeo ya shule. Ukimtoa Senior 1 (mwaka wa kwanza wa sekondari) leo, mlango huo umeufunga mwenyewe.

Basi pesa ulizonazo zinunulie wapinzani. Kwanza wavulana. Pale Lugogo vijana waliokulia Naguru wakiokota mipira ya wakubwa wanapiga mpira mzito kuliko msichana yeyote atakayekutana naye nchini. Atafungwa, tena sana. Usiingilie, na ukiwa pembeni usimhesabie pointi.

Pili, mashindano ya vijana ya kimataifa ya J30 na J60 yanapokuja Nairobi, Kigali au Dar, mwende kwa basi. Nyie mko Tororo, mpaka wa Kenya pale Malaba ni pua na mdomo. Siku ya kwanza niliyompeleka mwanafunzi wangu Nairobi tulivuka mpaka saa nane usiku, tukafika asubuhi, akacheza mchana akiwa na usingizi, akafungwa na msichana asiyemjua hata jina. Kurudi, njia nzima alikuwa ananieleza ule mpira uliokuwa unaruka kando baada ya kugusa ardhi, anauchora kwa kidole kwenye kioo cha basi. Juma lililofuata alikuwa anaujaribu mwenyewe ukutani. Mimi miaka 5 ya kushinda nyumbani haikuwahi kunipa kitu kama kile.

Na kama kuna nafasi ya kumfikisha usawa wa bahari, Mombasa au Dar, hata bila mashindano, mpe wiki moja ajue mpira unavyobadilika. Hilo mimi nilijifunza kwa bei kali.

Raketi mpya iache kwanza. Mbili zinazofanana zinatosha, nyuzi zibadilishwe zikilegea hata kama hazijakatika, maana nyuzi zilizokufa ndizo zinazoumiza kiwiko cha mtoto.

Kocha usigombane naye. Mwombe tu akuandikie mechi za binti za miezi sita iliyopita: kacheza na nani, mara ngapi, wangapi kati yao walimfunga. Orodha ikiwa na majina manne, umeshaona pa kuanzia.

Mkiweza kufika Kampala Jumamosi moja, niandikieni ujumbe hapa. Kuna kijana wa miaka 15 anayepiga sevu ya mkono wa kushoto, inakimbilia nje upande wa bekihendi. Nataka nione binti akiifuata gemu mbili tatu, halafu tuzungumze.