Anguko la Samopomich: ushauri kwa wanaoanza kuchunguza vyama vidogo vya siasa

Wanafunzi wanaokuja kwangu wakitaka kuandika tasnifu kuhusu vyama vya siasa vya Ulaya ya Mashariki huanza, karibu wote, na jedwali la matokeo ya uchaguzi. Kwa chama cha Samopomich cha Ukraine jedwali hilo linavutia kweli. Katika uchaguzi wa bunge wa tarehe 26 Oktoba 2014 chama hicho kilipata asilimia 10.97 ya kura za vyama na kushika nafasi ya tatu. Katika uchaguzi wa tarehe 21 Julai 2019 kikaambulia asilimia 0.62. Anayeziona namba hizo kwa mara ya kwanza huanza mara moja kutafuta tukio moja lililokiua chama katika miaka hiyo mitano. Ninachowashauri wote ni kuliweka jedwali kando kwanza na kuifungua orodha ya wagombea ya mwaka 2014, kwa kuwa udhaifu ulioiangusha Samopomich unaonekana humo waziwazi, hata kabla ya kura ya kwanza kupigwa.

Msomaji aliyezoea siasa za majimbo, kama za Kenya au Tanzania, anapaswa kuelewa jambo moja kabla ya kuendelea. Mwaka 2014 nusu ya viti 450 vya Bunge la Ukraine viligawiwa kwa uwiano wa kura kwa vyama vilivyovuka asilimia 5, kwa kufuata orodha zilizofungwa, yaani mpiga kura alichagua chama na viti vikaenda kwa wagombea kwa mpangilio uliowekwa na chama chenyewe. Nusu ya pili ilikuwa ya majimbo, na baadhi ya majimbo hayo, yale ya Krimea iliyotwaliwa na Urusi na ya sehemu za Donbas, eneo la mashariki lenye vita, hayakupiga kura kabisa. Samopomich ilipata viti 32 kwa orodha na kimoja tu cha jimbo. Kwa hiyo nguvu yake bungeni ilitoka karibu yote kwenye orodha, na nani alikuwa nafasi ya ngapi ni swali la msingi.

Nafasi ya kwanza alipewa Hanna Hopko, mwanaharakati aliyejulikana kwa kazi ya kusukuma mageuzi baada ya maandamano ya Maidan, yaliyomwangusha Rais Yanukovych mapema mwaka 2014. Ya pili alipewa Semen Semenchenko, kamanda wa kikosi cha kujitolea cha Donbas, kikosi kilichoumizwa vibaya katika mapigano ya Ilovaisk mwezi Agosti mwaka huohuo. Andriy Sadovyi, mwanzilishi wa chama na meya wa Lviv tangu mwaka 2006, alijiweka nafasi ya 50, mahali ambapo hakuwa na tumaini la kufika bungeni. Itazameni orodha hiyo kwa utulivu. Mwenye chama alibaki mjini kwake, magharibi kabisa mwa nchi, na bungeni wakaingia watu ambao wengi wao hawakuwahi kuwa wabunge, waliokuja na majina yao wenyewe na wafuasi wao wenyewe, na ambao hawakuwa wamelelewa na chama. Kwa wapiga kura waliochoshwa na sura zilezile za tangu enzi za Yanukovych na kabla yake, huo ulikuwa mvuto mkubwa, nami naamini ulikuwa mvuto wa haki. Hata hivyo, kura zilizopatikana kwa heshima ya watu wa aina hiyo huwa zao kabla ya kuwa za chama, na siku wanapohitilafiana na chama huondoka nazo.

Siku hiyo haikukawia. Baada ya uchaguzi Samopomich ilijiunga na muungano wa vyama vitano vilivyounda serikali ya waziri mkuu Arseniy Yatsenyuk, na Oksana Syroid wa chama hicho akawa naibu spika. Tarehe 31 Agosti 2015 bunge lilipigia kura kwa mara ya kwanza marekebisho ya katiba kuhusu ugatuzi, ambayo yaligusa pia hatima ya maeneo ya Donbas yaliyoshikwa na waasi kufuatana na makubaliano ya Minsk ya kusitisha vita. Marekebisho yalipita kwa kura 265, huku nje ya bunge guruneti likirushwa na askari wa ulinzi wakiuawa. Samopomich ilikuwa imeamua kuyapinga. Wabunge wake watano waliyaunga mkono, akiwemo Hopko, na chama kikawafukuza. Hopko aliendelea kuongoza kamati ya mambo ya nje hadi mwisho wa bunge lile, na chama kikabaki bila mtu ambaye mwaka mmoja kabla kilimtanguliza mbele ya taifa zima.

Hapa nawasihi mfanye kazi ambayo wengi huiruka kwa sababu inachosha: chukueni kumbukumbu za kura za bunge, ambazo Ukraine huzichapisha kwa jina la kila mbunge, mkafuatilie kila mtu wa orodha ile kura baada ya kura. Mtafuteni kila mmoja kwa jina lake katika hati ya Kisirili, kwa sababu katika hati ya Kilatini jina moja huandikwa kwa namna tatu au nne na nusu ya habari hupotea. Mtaona wenyewe kwamba kundi lililoanza na watu 33 lilikuwa limebaki na 26 lilipojitoa kwenye muungano tarehe 18 Februari 2016, siku mbili baada ya hoja ya kutokuwa na imani na Yatsenyuk kupata kura 194 badala ya 226 zilizohitajika. Kujitoa kuliwapa usafi wa kisiasa, lakini kuliwaondolea pia kinga yoyote waliyokuwa nayo mbele ya serikali, na muda mfupi baadaye walihitaji kinga hiyo kuliko wakati mwingine wowote.

Mwishoni mwa Mei 2016 dampo la Hrybovychi, lililopokea taka za Lviv kwa miongo mingi, liliwaka moto, kisha mlima wa taka ukaporomoka na kuwafukia wazima moto watatu. Dampo likafungwa. Lviv ikalazimika kupeleka taka zake kwingine, na miji na vijiji vikakataa kuzipokea, hata malori yakawa yanarudishwa njiani na mifuko ikarundikana nyuani mwa majengo ya makazi kwa wiki nyingi. Sadovyi na wenzake walisema serikali kuu ilipanga kuizingira Lviv ili kumharibia jina mpinzani wa Rais Poroshenko. Wapinzani wao walisema meya alikuwa na miaka kumi ya kujenga kiwanda cha taka na hakukijenga. Mwezi Juni 2017 Oleh Berezyuk, kiongozi wa wabunge wa chama, aligoma kula kwa sababu ya suala hilo, na mwezi huohuo jukumu la taka za mji likakabidhiwa uongozi wa mkoa.

Watafiti wachanga hutaka kuamua ni upande gani ulisema kweli, kisha huishia hapo. Mimi naona madai yote mawili yana uzito, lakini swali lenye faida zaidi kwa anayechunguza chama ni kwa nini taka za mji mmoja ziliweza kukiumiza chama chenye wapiga kura nchi nzima. Jibu langu ni kwamba Samopomich ilijitangaza kwa hoja moja: tunajua kuendesha mji vizuri, tazameni Lviv. Mwaka 2015 hoja hiyo ilikuwa bado na nguvu kiasi kwamba mgombea wake Oleksandr Senkevych alishinda umeya wa Mykolaiv, mji wa kusini ulio mbali sana na Galicia, eneo la magharibi ambamo Lviv imo. Picha za taka zilipoenea, ushahidi pekee wa chama ukageuka kuwa ushahidi dhidi yake, na watu mashuhuri ambao wangeweza kukipa sura nyingine walikwisha kufukuzwa au kujitenga.

Suala la kuzuia biashara na maeneo ya Donbas yaliyoshikwa na waasi, ambalo Semenchenko na mbunge mwenzake Yehor Sobolev waliliongoza kwa kuziba njia za reli mwanzoni mwa mwaka 2017, linastahili sura yake katika tasnifu, ila msilipe uzito wote. Liliwapendeza wapiga kura wa mrengo wa kizalendo, ambao tayari walikuwa na vyama vingine, na liliwatia shaka wale wa tabaka la kati mijini walioipigia Samopomich kwa ajili ya mageuzi.

Kufikia mwaka 2019 wapiga kura hao wa mijini walikuwa na mahali pengine pa kwenda. Sadovyi alijitoa kwenye mbio za urais mwezi Machi akimuunga mkono Anatoliy Hrytsenko, na mwezi Julai chama kipya cha Holos cha mwanamuziki Svyatoslav Vakarchuk kilipata asilimia 5.82, kikiongoza katika mkoa wa Lviv wenyewe. Samopomich ilibaki na mbunge mmoja wa jimbo.

Msifunge daftari katika mwaka huo. Mwezi Novemba 2020 Sadovyi alichaguliwa tena kuwa meya wa Lviv katika duru ya pili, wakati chama chake kikiwa hakina nguvu yoyote kitaifa. Kwa hiyo katika jedwali mtakalolitengeneza baada ya kuyapitia haya yote, wekeni safu moja ya kura za meya, nyingine ya kura za chama ndani ya Lviv, na ya tatu ya kura za chama nje ya mkoa, kisha zifuateni kila moja peke yake kuanzia mwaka 2014.